Ulanzi wa Nyamepo

Ulanzi haugemwi mwezi wa saba. Aliyekulia Mufindi analijua hilo kabla hajajua kusoma: mianzi hutoa maji masika, kipupwe kikiingia inakauka, na walevi wanarudia komoni, pombe ya mahindi, huku wananung'unika. Kwa hiyo Vitus aliporudi Nyololo baada ya kulala nje siku mbili, mkononi dumu limejaa ulanzi mtamu, mkewe Faustina alipaswa kumbana pale pale. Hakumbana. Kilabu chake cha pombe kilikuwa hakina wateja tangu mvua zikatike, naye alifurahi, basi.

Aliuliza wateja walipokwisha kuondoka.

"Umeugema wapi, baba Goodness?"

"Nyamepo."

Faustina akacheka, kisha akaacha. Nyamepo ni uwanda wa kwenye masimulizi. Siku za ukungu, ukipanda kule juu ya mashamba ya chai unakuta misitu ya mbao tu, lakini upepo ukichachamaa, misitu haipo, kuna nyika isiyo na mwisho, na nyika hiyo ina mwenyewe. Watu wazima hawautaji ovyo. Vitus aliutaja kama anayetaja gulio.

Tangu hapo akawa anatoka kila asubuhi na kurudi na dumu. Wateja walisifia, wakaongezeka. Faustina peke yake ndiye aliyeona mambo hayaendi sawa. Vitus alikuwa mtu wa ugoro, shati lake lilinuka ugoro hata likifuliwa. Sasa alinuka majani ya baridi tu. Ugoro ulihamia kwenye ulanzi. Kila alipofunua dumu, harufu ya mumewe ilimpanda puani, ugoro na jasho lake la kazi, mpaka akashindwa kuuonja. Mchana, milango imefungwa, upepo ulivuma ndani ya nyumba, na moshi wa jikoni ulilala sakafuni badala ya kupanda. Vitus hakula. Alikaa ameelekea mlimani, akitabasamu.

Faustina alimpenda mwanaume huyo, na hakuwa tayari kumwachia mtu wala jini. Akaenda kwa Bibi Lea, mganga wa pale kijijini.

"Sema taratibu," Bibi Lea alinong'ona, akachungulia nje kwanza. "Wa Nyamepo wanasikia. Mumeo kafungwa kwenye mwanzi anaougema. Mgema akikosa mwanzi si anabaki nyumbani? Ukate, mwanangu. Uangushe mwenyewe, asikuone mpaka umalize."

Kesho yake Faustina alificha panga ndani ya kitenge, akamfuata Vitus kwa mbali. Walipita mashamba ya chai, wakapita miti ya mbao, na pale miti ilipokoma upepo ulimpiga kifuani hata akapiga goti, na alipoinua macho aliona nyika imetanda mpaka mbingu zinapoishia, majani yote yamelala upande mmoja, hakuna ndege, hakuna njia, hakuna hata jiwe la kujikinga, na upepo ule ulikuwa na maneno ndani yake, maneno mengi yanayogombana, na mojawapo lilifanana na jina lake lakini hakulishika, akatambaa, machozi yanamkauka kabla hayajafika shavuni, mpaka akauona mwanzi mmoja tu umesimama katikati ya utupu ule, na mumewe ameuinamia.

Vitus alikata ncha ya chipukizi kwa kisu, akatundika mbeta, maji yakaanza kudondoka ndani ya kile kikombe cha mwanzi. Mwanzi ukatetemeka. Faustina hakungoja. Alikurupuka, akapiga panga shinani kwa nguvu zote alizokuwa nazo, mara ya kwanza, ya pili, na mwanzi ukaanguka.

Upepo ukakata ghafla. Katika ukimya ule, kutoka kwenye kisiki, sauti ya Vitus ikasikika karibu kabisa na miguu yake.

"Mama Goodness. Ni mimi."

Faustina akapiga magoti, akakikumbatia kisiki kwa mikono miwili. Maji ya uvuguvugu yalimtoka katikati ya vidole, yananuka ugoro. "Baba Goodness! Nisamehe, sikujua! Sema!" Maji yakapungua, yakakoma.

Yule mwingine, mwenye sura ya mumewe, alikuwa amesimama pembeni anafuta kisu kwenye suruali.

"Alikuwa anakuita kila siku," akasema kwa upole. "Upepo ulimzidi sauti. Ungekuja mikono mitupu ukamchimbua na mizizi yake, ungeondoka naye mzima."

Akaokota panga, akamnyanyua Faustina kwa mkono wa baridi.

"Basi, twende nyumbani, mke wangu. Leo nitakula."