Kiti cha Tano Ndani ya Chuma cha Mjerumani

Mbuzi ndio waliojua kwanza. Mbuzi hana dini wala shule, lakini pua anayo. Adhuhuri ile Fadila alimwaga maji horini, na mbuzi wake kumi na saba, waliokuwa na kiu tangu jana, wakasogea, wakanusa, wakarudi nyuma wote pamoja kama walioamrishwa.

Fadila akachota kwa kiganja, akaonja, akatema. Maji yananuka petroli.

"Agila! Umekifanya nini kisima changu?"

Mwanawe alikuwa amejinyoosha kivulini mwa hema, kilemba usoni. "Nimekiwekea mfuniko, Mama. Ule wa mbao si ulishaoza?"

"Mfuniko wa nini?"

"Wa kifaru."

"Kile cha Mjerumani?"

"Kwani tuna kifaru kingine?"

Fadila akaenda kutazama. Lilikuwa duara la chuma kizito, rangi ya mchanga bado imeshika pembezoni, limekaa kwenye mdomo wa kisima kama lililopimwa. Chuma kizuri. Ndicho kilichomuudhi: vitu vya bure havikai sawa namna ile.

Kifaru chenyewe kilikuwa bondeni, mwendo wa kuchemsha chai mara moja kutoka hemani, kimefukiwa mchangani mpaka shingoni. Mwaka ule wa vita petroli ilikiishia, basi Wajerumani wakakichimbia shimo, wakabakiza mnara na mtutu tu juu, wakapigana humo mpaka wakanyamaza. Vyuma vingine vyote vya jangwani watu walishavikatakata wakauza. Kile hakikuguswa, maana pande zote kilizungukwa na mabomu ya ardhini, na njia ilikuwa moja tu, aliyoiwekea mawe meupe Miftah, mume wa Fadila. Miftah huyohuyo siku moja aliyaacha mawe yake hatua tatu kumfuata mwanambuzi. Kilichorudi hemani kilienea kwenye mfuko wa shayiri. Mwanambuzi alirudi mzima.

"Ulifungua ukatazama ndani?" Fadila akauliza.

"Nilitazama. Viti vitano, mifupa ya watu wanne."

"Wa tano yuko wapi?"

"Mama, niliwahesabu, sikuwahoji."

"Ulipiga hodi kabla ya kuingia?"

Agila akacheka mpaka kilemba kikaanguka. "Kwa mifupa?"

"Kwa wanaokaa na mifupa, mpumbavu wewe. Sisi hata maji ya moto hatumwagi bila kuwaomba ruhusa wasioonekana, nawe unang'oa mlango wa watu!"

Alitaka urudishwe leo hii. Agila akasema kesho. Kesho ya Agila ilikuwa ndefu tangu utotoni.

Siku ya pili, jua likiwa utosini, mkewe Agila, Selima, alikwenda kisimani na ndoo yake. Hakuwa amegusa kamba bado. Chini ya chuma, kutoka ndani ya kisima, kukagongwa. Mara moja. Mara mbili. Tatu. Nne. Taratibu, kama mtu mstaarabu anayeogopa kuamsha wagonjwa.

Na Selima, binti wa watu waliolelewa, akajibu: "Karibu. Umefika kwako."

Asilaumiwe sana. Kwao msichana hujua neno hilo kabla hajajua kutembea, na hema lisiloitika hodi hutukanwa mpaka kwa wajukuu. Mdomo ulijibu kabla kichwa hakijauliza. Kisha mfuniko ule ukanyanyuka upana wa kidole, ukatoa pumzi ya moto yenye harufu ya mafuta na nywele zilizoungua, ukashuka tena.

Selima alirudi mbio bila ndoo.

"Umemwambia nini?" Fadila akamuuliza, sauti chini.

"Nimemwambia karibu, Mama."

"Haya. Basi tunaye mgeni."

Na mgeni kwao hapewi jembe siku ya tatu. Anakaa siku tatu na theluthi, haulizwi jina wala haja yake, hafukuzwi hata akiwa ameua. Huyu naye alikaa. Siku ya kwanza Fadila aliona alama mchangani, juu kilimani: mapito mawili mapana yanayokwenda sambamba, yenye meno, ya minyororo, na katikati yake matone ya mafuta. Siku ya pili yalikuwa yamefika kwenye miti ya tini. Siku ya tatu yalikuwa nyuma ya hema, na hakuna gari lililopita, wala upepo haukuyafuta. Bondeni, mtutu wa kifaru, ulioshikwa na kutu miaka saba ukiwa umeelekea baharini, ulikuwa umeelekea kwao.

Hayo yote Fadila angeyavumilia. Ameishi na mama mkwe miaka kumi na tisa. Kilichomkata maini ni Agila. Kila adhuhuri mwanawe aliondoka kivulini bila neno, akaenda kuketi juani karibu na mfuniko, magoti kifuani, mabega yamebanwa, kama mtu aliyekaa mahali pembamba kuliko mwili wake. Mikono yake ilizungusha kitu kisichokuwepo. Midomo ilimpasuka, na maji akiletewa aligeuza uso.

"Anafanya nini?" Selima akanong'ona, mkono mdomoni.

"Anajaribu kiti," akasema Fadila.

Asubuhi ya siku ya nne akaletwa Sheikh Abdelkafi, mtu wa pwani, mwenye kanzu safi, fimbo yenye pete ya shaba kichwani, na sifa nyingi ambazo nyingi alizisema mwenyewe.

"Mlimkaribisha wenyewe, Mama Agila," akasema akinywa glasi ya tatu ya chai.

"Ndiyo sababu tumekuita wewe umwambie aende. Sisi tuna aibu."

"Siku zake zimetimia?"

"Jua likifika pale juu, zimetimia na theluthi yake."

"Basi ataulizwa haja yake, kisha ataondoka. Nimewatoa wakubwa kuliko huyu."

"Huyu hukuwahi kumwona akipigana," Fadila akasema. "Mimi nilimwona."

Sheikh akatabasamu kama watu wanavyowatabasamia vikongwe. Jua lilipofika utosini akasimama juu ya kisima, akasoma alichosoma, akagonga chuma kwa pete ya fimbo, tak. "Ewe mgeni! Haja yako nini?"

Chini kukajibiwa. Moja, mbili, tatu, nne. Kisha kimya, kimya kirefu cha kadiri ya pigo moja zaidi. Fadila akamtazama Agila, na Agila alikuwa ameinua ngumi yake hewani, tayari kugonga.

Alimshika mkono. Ulikuwa wa moto kama sufuria.

Sheikh akapaza sauti, akasoma tena, akarusha chumvi, na hapo hewa juu ya kisima ikatikisika, glasi zikagongana kwenye sinia, kukasikika mngurumo usiokuwa na mashine, na vumbi likapanda nyuma ya hema, likaanza kuondoka, likapita mitini, likapita kilimani, likielekea bondeni.

"Anakimbia!" Sheikh akapiga kelele. "Agila! Chukua mfuniko wake! Tumfuate tumfungie humohumo kabla hajageuka!"

Agila aliyekuwa hajala siku tatu akaruka, akajitwika mgongoni ule mzigo wa watu wawili, akakimbia. Na Sheikh mbele yake kanzu imepandishwa magotini, na Selima anapiga vigelegele vya furaha huku analia, na Fadila naye moyo wake ulikuwa umeshaanza kupoa, umeshaanza kusema alhamdulillahi, mpaka alipoyatazama mapito yale mapya mchangani yalivyochimbika, akaona kwamba lile lililokuwa likiondoka halikuwa limegeuka hata kidogo, lilikuwa linakwenda kinyumenyume, uso kwao, mtutu kwao, na pale akakumbuka pango alilojificha na Miftah mwaka ule, na vifaru vya Wajerumani alivyoviona kwa macho yake vikitokea juu ya kilima, vichache, si vinene kuliko vya Waingereza, vikapiga mara mbili tatu kisha vikarudi nyuma kwenye vumbi kama vilivyoogopa, na Waingereza wakavifuata mbio kama watoto wanaofuata harusi, na nyuma ya kilima kile kulikuwa na mizinga mirefu iliyofukiwa mchangani ikiwangoja, na vifaru vya Waingereza vikawaka kimoja baada ya kimoja mpaka jioni, na Miftah akamnong'oneza sikioni: mke wangu, yule hakimbii, yule anavuta.

"Agila! Rudi! Hakimbii huyo!"

Hakusikia. Alikuwa ameshaingia kwenye mawe meupe, nyuma ya Sheikh, na vumbi lile lilikuwa likisubiri, likienda taratibu wanapochoka, likiharakisha wanaposhika kasi, likijipinda sasa kidogo upande, kuliacha jiwe, kuelekea pale Miftah alipomfuata mwanambuzi.

Fadila hakuwa na miguu ya kukimbia. Alikuwa na kitu kimoja tu. Kwao wanaume wakishikana kwa visu, mwanamke mwenye heshima akivua mtandio na kuutupa mbele yao, visu huanguka. Hakuna mwanamume wa kabila lile anayepiga hatua moja zaidi. Tangu aolewe, hakuna jua lililokiona kichwa chake. Akauvua mtandio, akautupa mchangani, akasimama na mvi zake wazi, akapiga ukelele wa msiba.

Agila aligeuka. Akamwona mama yake kichwa wazi mbele ya mwanamume mgeni, na aibu ikamshika kuliko jini lilivyomshika. Miguu yake ikaganda. Mfuniko ukamtoka mgongoni.

Sheikh naye aligeuka. Na kwa kuwa alikuwa mtu wa dini, mwenye adabu zake, alipoona kichwa cha mwanamke wa watu alifanya linalompasa: alifumba macho, akageuza uso, akapiga hatua moja pembeni.

Kishindo kilifika baada ya moshi.

Agila alirudi akitambaa katikati ya mawe meupe mpaka kwa mama yake. Alipofika alisema, "Maji," akanywa ndoo nzima, akalia kama mtoto. Fadila aliokota mtandio wake, akakung'uta vumbi, akajifunga. Ndugu za Sheikh walipokuja na mfuko wao, walimuuliza ilikuwaje.

"Aliacha njia," akasema.

Usiku hakulala, lakini hakuona pia sababu ya kuwaambia zaidi. Alitaka mwanawe, akampata. Mwanamke anayedai hana damu mikononi hajalea.

Wakang'oa hema. Wakahamia kaskazini, mwendo wa siku mbili, karibu na reli, kwenye kisima cha wajomba wa Selima, chenye mfuniko wa mbao na maji matamu. Mbuzi walikunywa. Agila akanenepa, akaanza tena kubisha kila anachoambiwa, na Fadila akajua amepona. Siku kumi zikapita. Mchunga ngamia mmoja aliyetoka kusini akanywa chai kwao, akasema kifaru cha bondeni hakipo tena. Shimo tu.

"Wamekiburuta?" Agila akauliza.

"Kwa kitu gani? Hakuna mapito ya gari. Yapo yake tu, yanatoka." Akacheka. "Labda kimepata mtu wa kukiendesha."

Fadila hakucheka. Alikuwa akitazama glasi zilizokuwa kwenye sinia.

Adhuhuri ya siku iliyofuata zilianza kugongana, polepole, zikilia kama meno. Selima akaliacha donge la unga, akajiziba mdomo kwa mikono miwili. Fadila akamnyooshea kidole: kimya. Kutoka kisimani, chini ya mbao, kukagongwa. Moja. Mbili. Tatu. Nne. Yeye alikuwa akihesabu, na midomo yake ilikuwa imebanwa, na kwa mara ya kwanza tangu azaliwe aliiacha hodi ya mgeni bila kuiitika.

Kisha la tano. Jepesi, la heshima, kama pete ya shaba kwenye mbao. Tak.

Fadila akageuka kwa haraka kumtafuta Agila. Alikuwa amelala kivulini, kilemba usoni, mbali na mkono wake. Alikuwa amemlea vizuri mno.

"Karibu," akasema Agila, usingizini. "Umefika kwako."