Lori la Mzee Abdisalam

Kila asubuhi Fadumo hufunga nguo zake za kuuza kwa shuka kubwa. Leo anaenda soko la Chwele, kesho Kimilili, kesho kutwa anauza hapa hapa Sirisia. Mume wake ni dereva wa masafa, huja nyumbani mwisho wa mwezi. Kwa hiyo kabla ya kutoka, Fadumo humwekea baba yake chai kwenye chupa, na maandazi kwenye sahani iliyofunikwa.

"Aabo," humwita baba yake kwa Kisomali, "mimi naenda."

"Nenda salama."

"Simu yako ya kabambe iko na chaji."

"Na ni nani atanipigia?"

Fadumo hujifanya hajasikia. Anabeba mzigo wake, anafunga lango, na mzee anabaki na nyumba.

Mzee Abdisalam aliendesha lori kwa miaka thelathini na moja. Alikuwa akipakia mahindi Moi's Bridge na kuyafikisha Mombasa. Mwaka jana alipata kiharusi. Mdomo ulirudi sawa. Mguu ulirudi kiasi. Mkono wa kushoto ulikataa, ukabaki umejikunja kifuani.

Wakati huo alikuwa akiishi mtaa wa Matisi, Kitale, na mtoto wake Huzaifa. Huzaifa ana banda la gemu karibu na msikiti. Vijana huja pale kucheza mpira kwenye televisheni. Daktari wa mazoezi alimwambia mzee, "Vidole vinataka kazi kila siku. Ukiviacha, vitakauka hivyo hivyo." Akampa mpira mdogo wa kufinya. Mzee aliufinya siku mbili, akauchoka. Mtu aliyezoea kwenda Mombasa utamwambia afinye mpira?

Huzaifa alikuwa na akili. Alileta mashine ya gemu nyumbani, akamwonyesha baba yake gemu ya kuendesha lori.

"Mimi ni mtu wa kucheza?" mzee alisema.

Lakini alishika padi, ule usukani mdogo wa vitufe. Baada ya saa moja alikuwa bado ameishika. Mwisho wa wiki alitoa pesa zake mwenyewe akainunua gemu ile. Huzaifa aliishusha kutoka kwenye mtandao kwa akaunti yake.

"Na CD iko wapi?" mzee aliuliza.

"Hakuna CD, Aabo. Iko ndani ya mashine."

Barabara za gemu hiyo zilikuwa za Ulaya, lakini mzee alizipa majina anayoyajua. Mlima ulipokuja alisema, "Hii ni Timboroa, punguza gia." Polepole, kidole gumba cha kushoto kilianza kusogea. Kikafuatwa na cha pili.

Kisha siku moja alianguka bafuni. Huzaifa alikuwa kazini, na mzee alikaa sakafuni mpaka alasiri. Huzaifa na Fadumo walizungumza kwa simu, wakaamua mzee ahamie Sirisia. Fadumo angalau hurudi nyumbani mapema. Walifanya vizuri, ila kosa lao ni kwamba waliamua kwanza, wakamwambia mzee baadaye.

"Unanitoa kwangu kama gunia," mzee alimwambia Huzaifa siku ya kuhama.

"Si hivyo, Aabo. Na mashine yako nakupakia."

Hawakuagana vizuri.

Alipofika Sirisia, Fadumo alimwunganishia mashine na televisheni, akaenda sokoni. Mzee aliiwasha. Picha ya lori ilikuwa pale pale, lakini pembeni yake palikuwa na alama ndogo ya kufuli. Alibonyeza. Yakaja maneno ya Kiingereza, kisha gemu ikakataa. Alibonyeza tena na tena. Mzee hasomi Kiingereza kingi, lakini kufuli haihitaji kusomwa.

"Amenifungia," alisema peke yake. "Amekasirika kwa maneno yangu, amenifungia."

Sasa wewe msomaji utasema, si angepiga simu aulize? Kuuliza si ujinga. Ni kweli, lakini mzee alikuwa na kiburi cha madereva wa zamani, wale ambao wakipotea njia hawaulizi mtu. Alichomoa padi, akaitia kwenye boksi lake, akalisukuma chini ya kitanda. Fadumo alipouliza, alisema, "Imekufa."

Baada ya hapo siku zikawa ndefu. Matisi alikuwa anajua kila mtu, na kila mtu alikuwa anajua lori lake. Hapa watu walipita nje ya lango wakiongea Kibukusu na kucheka, na yeye hakujua wanacheka nini. Alikunywa chai saa mbili, akala maandazi saa nne, kisha akakaa. Saa nane alikuwa bado amekaa. Huzaifa alipopiga simu jioni, mzee alisema, "Niko sawa," akakata. Mwishowe Huzaifa naye akawa anapiga mara moja kwa wiki. Mzee alikuwa mpweke kabisa, na aliamini ni mtoto wake aliyetaka iwe hivyo.

Baada ya miezi miwili Fadumo alikuwa akimkata baba yake kucha. Mkono wa kushoto haukufunguka. Alijaribu kuuvuta, mzee akaguna kwa maumivu.

"Aabo! Si huu mkono ulikuwa umeanza kufunguka?"

"Ulikuwa."

Fadumo akaikumbuka ile mashine. Alienda nyumba ya pili kumwita Nasike. Nasike anatengeneza simu na televisheni kwenye kibanda chake pale stendi. Ni mama wa miaka arobaini hivi, mikono yake haitulii, na mdomo wake pia hautulii.

"Mulembe, Mzee," Nasike alisalimia akiingia. "Mgonjwa wangu ako wapi?"

"Ako chini ya kitanda," mzee alijibu. "Alishakufa."

Nasike alitoa boksi, akaunganisha nyaya, akawasha. Mashine ikawaka bila shida.

"Ati imekufa? Mzee, hii mashine ni mzima kuliko wewe! Imekosa tu ruhusa."

"Ruhusa ya nani?" mzee aliuliza haraka. "Ya Huzaifa?"

"Ngoja nikueleze. Gemu ya CD, ukiweka CD, mashine inaona CD, inajua umenunua. Lakini hii ulinunua kwa mtandao. Risiti yake imekaa kwa akaunti. Kwa hivyo kila ukifungua gemu, mashine inauliza kwa mtandao, 'Huyu amenunua kweli?' Matisi kulikuwa na waifai?"

"Ilikuwa."

"Basi ilikuwa inauliza na kujibiwa, na hamjui. Hapa haina mtandao. Inauliza, hakuna mtu wa kujibu. Inaweka kufuli."

"Kwa hiyo bila mtandao haiwezi kucheza?" Fadumo aliuliza.

"Inaweza vizuri sana. Kila akaunti inachagua mashine moja kuwa ya nyumbani. Hiyo moja inawekewa ruhusa ndani yake. Hata ukienda nayo juu ya Mlima Elgon, inafungua gemu bila kuuliza mtu."

Nasike aliingia kwenye mipangilio, akatazama, akatikisa kichwa.

"Hii si ya nyumbani. Akaunti ilichagua mashine ingine. Hebu pigieni huyo kijana."

Fadumo alipiga, akaweka sauti ya juu ili wote wasikie. Huzaifa alisikiliza mpaka mwisho, kisha akashusha pumzi.

"Ni mimi," alisema. "Nilipofungua banda niliweka akaunti yangu kwa mashine ya pale. Waifai ya banda inapotea kila saa, na mteja hangoji. Kwa hivyo nikachagua hiyo ndiyo iwe ya nyumbani. Nikasahau kabisa. Aabo alikuwa anacheza kila siku, ningejuaje?"

"Hapo ndipo kuna kazi," Nasike alisema. "Ni mashine moja tu. Ukileta ruhusa hapa, ile ya banda itaanza kutaka mtandao kila wakati. Na pia, kijana, akaunti ya nyumbani si ya kufanyia biashara. Kampuni nyingi za gemu hazikubali. Na kubadilisha si kila siku. Kuna mashine zinakuruhusu mara chache tu kwa mwaka. Fikiria kwanza."

Simu ikanyamaza. Mzee aliusikia ule ukimya, akautafsiri kwa njia yake.

"Mwache," alimwambia Fadumo. "Ana kazi yake. Mimi ni mtu wa kukaa tu. Kata simu."

"Fadumo, usikate," Huzaifa alisema. "Mwambie Aabo nakuja Ijumaa."

"Si lazima uje," Nasike alisema. "Ingia kwa akaunti ukiwa huko, nikupigie..."

"Najua si lazima, mama. Nakuja."

Ijumaa alikuja, na begi ndogo. Alimsalimu baba yake kwa mikono miwili. Mzee alimpa mmoja, ule unaofunguka.

Nasike aliwasha mtandao wa simu yake ili mashine iupate. Huzaifa aliingia kwenye akaunti yake. Nasike alikuwa akimwambia polepole ili Fadumo naye asikie na ajifunze.

"Hii mashine lazima iwe na mtandao mara moja hii. Sasa ingia mipangilio, tafuta akaunti, tafuta mahali pa mashine ya nyumbani. Umeona? Bonyeza kukubali."

Huzaifa alishika padi. Hakubonyeza mara moja. Mzee alimwona, akaangalia dirishani. Kisha sauti ndogo ya mashine ikalia, na Huzaifa akasema, "Imekubali."

"Bado," Nasike alisema. "Acha gemu imalize kujisasisha yote. Ikibaki nusu, mtarudi pale pale."

Walingoja. Fadumo akaandaa chai ya maziwa yenye iliki. Gemu ilipomaliza, Nasike alizima mtandao wa simu, akaizima mashine kabisa, akaiwasha tena.

"Watu wengi hawafanyi hii," alisema. "Wanaondoka wakiwa na mtandao, wanaamini iko sawa, wanafika kwao wanapata kufuli. Jaribu bila mtandao kabla mwenye akaunti hajaenda zake. Na mtu asije akafuta kila kitu kwa hii mashine bila mtandao. Ruhusa itapotea pia. Gemu za kucheza na watu wa mbali, hizo bado zitataka mtandao. Lakini lori la Mzee halihitaji mtu wa mbali."

Picha ya lori ikaja. Kufuli haikuwepo. Injini ikanguruma kwenye televisheni, mpaka kuku wakakimbia kutoka mlangoni.

Nasike aliaga, akarudi kwenye kibanda chake. Fadumo akamsindikiza. Baba na mtoto wakabaki wawili.

Huzaifa alimwekea mzee padi mapajani, akamfungua vidole vya kushoto kimoja kimoja, akavilaza juu ya vitufe. Mzee alikunja uso lakini hakuutoa mkono.

"Aabo, ulidhani nimekufungia?"

"Nilidhani."

"Miezi miwili yote? Kwa nini hukuniuliza?"

Mzee alitazama lori lililosimama barabarani likingoja.

"Niliogopa utasema ndiyo."

Huzaifa alikaa sakafuni, karibu na mguu wa baba yake, akaegemea kiti.

"Na banda lako?" mzee aliuliza baadaye.

"Nitanunua CD za mpira kwa ajili ya banda. CD haiulizi mtu. Nilifaa kufanya hivyo tangu mwanzo. Waifai ikipotea, wacha ipotee."

"Utapoteza wateja kabla ya hapo."

"Nitapoteza wachache. Endesha, Aabo."

Mzee akaendesha. Alienda vibaya, akagonga ukingo, akatukana kwa Kisomali, na Huzaifa akacheka mpaka akashika tumbo. Jumapili alirudi Kitale.

Siwezi kukudanganya kwamba upweke uliisha. Fadumo bado huenda sokoni, na saa nane bado ni mbali na jioni. Lakini sasa mzee ana kazi ya asubuhi na kazi ya jioni, umeme ukiwepo. Nasike hupitia akitoka kibandani, hukaa kwenye kiti cha pili na kuuliza, "Leo tunapakia nini?" Siku nyingine anakuja na mtu anayetaka kuona mzee anayeendesha lori akiwa nyumbani.

Baada ya wiki kumi, asubuhi moja, Fadumo alikuwa akifunga mzigo wake. Alisikia mzee akimwita chumbani. Alikimbia akidhani ameanguka. Alimkuta amesimama, amevaa shati. Vifungo vyote vilikuwa vimefungwa, kimoja kwenye tundu lisilo lake.

"Nani amekufungia vifungo?" Fadumo aliuliza.

"Unamwona mtu mwingine hapa?"

Fadumo alitaka kukirekebisha kile kifungo kimoja. Mzee alimzuia. Alichukua kabambe yake mezani kwa mkono wa kushoto, akaitafuta namba ya Huzaifa, akapiga yeye mwenyewe.