Nyayo Zilizoruka Mstari

Profesa Emory Segura alikutwa amelala kifudifudi chini ya ngazi za banda la wachezaji wageni, Ijumaa asubuhi, miwani imevunjika chini ya shavu. Kisogo kilikuwa kimepasuka. Nzi walikuwa wamewahi kuliko polisi.

"Ameteleza," alisema Kocha Garland Mouton. "Ngazi hizi mbaya, afande. Zipo tangu enzi za babu yangu."

Inspekta Verline Arceneaux alimgeukia daktari wa maiti.

"Hakuteleza huyu," daktari alisema. "Damu imetuama mgongoni. Amelala chali saa kadhaa mahali pengine, ndipo akaletwa hapa. Na kilichompiga ni kitu cha mviringo. Gongo la besiboli, ukiniuliza mimi."

Basi, mauaji. Na kesho yake, Jumamosi, chuo kilikuwa kinajiandaa kusherehekea historia ya Uwanja wa Mouton, wenye jina la babu yake kocha. Marehemu ndiye aliyekuwa amealikwa kuisoma historia hiyo mbele ya watu wote.

Sajenti Pickens alimwita inspekta kutoka katikati ya uwanja. Udongo mwekundu ulikuwa umemwagiwa maji jana jioni, na mistari ya chokaa ikapigwa upya kwa ajili ya mechi ya saa nne. Juu ya udongo ule zilipita nyayo za mtu mmoja, kutoka banda la wenyeji hadi la wageni.

"Zimezama sana," alisema Pickens. "Alikuwa amebeba mzigo."

"Alikuwa amembeba mtu, Pickens. Sema ilivyo."

Zilikuwa nyayo za mabuti ya mpira. Mabuti yenyewe yalipatikana yakining'inia mlangoni mwa stoo, yana damu kwenye kisigino. Yalikuwa ya Alcide Ledet, mtunza uwanja, mzee wa miaka sitini na sita, ambaye ndiye aliyeikuta maiti na ndiye mwenye funguo zote.

Hapo simu ya Verline ikalia. Alikuwa mkuu wa polisi. Huku kwetu Louisiana habari mbaya haingoji kahawa ipoe.

"Mabuti ni yake, funguo ni zake. Unangoja nini, Verline? Mchana nataka mtu ndani."

"Mabuti yananing'inia nje, mkuu. Hata mimi ningeweza kuyavaa."

"Mchana!"

Verline alikata simu. Akamketisha mzee kwenye benchi.

"Mzee Alcide, profesa ulimwona lini mara ya mwisho?"

"Jana saa kumi na mbili jioni. Nimemaliza kupiga mistari, naenda zangu nyumbani. Akaniambia, 'Jumamosi utajua.'"

"Utajua nini?"

Mzee alitazama mikono yake. "Babu yangu aliko. Isom Ledet. Alifungwa kwa kuiba nguruwe, wakamleta hapa na minyororo miguuni kujenga majukwaa haya, mwaka wa thelathini na nane. Hakurudi. Bibi aliambiwa ametoroka, ana mwanamke mwingine huko Texas. Alimlaani mpaka siku anazikwa."

"Na profesa alikuwa anamtafuta?"

"Miaka miwili. Sasa niambie, mwanangu, nimuue mtu pekee aliyekuwa ananitafutia babu yangu? Nimerukwa na akili?"

"Sijasema umemuua."

"Mji mzima umeshasema."

Kweli ilikuwa hivyo. Nje ya lango watu walikuwa wameshajaa, na jina lililotajwa lilikuwa moja tu.

Verline alirudi kwenye nyayo, akachuchumaa. Akaziangalia moja baada ya nyingine, kisha akasita penye mstari wa chokaa. Chokaa ilikuwa nzima. Muuaji, na maiti begani, gizani, alipofika pale alikuwa amepiga hatua fupi mbili, akaubadili mguu, akauruka mstari kwa mguu wa kushoto. Mstari wa pili, upande wa wageni, vilevile. Hatua fupi mbili, kisha kushoto.

"Mzee Alcide! Njoo huku mara moja."

Mzee alikuja akijikokota, akaukanyaga mstari katikati bila hata kuutazama.

"Mbona umeukanyaga?"

"Kwani wa nani? Si naupiga mwenyewe kila siku? Kuuruka ni ugonjwa wa wachezaji. Wanaogopa mkosi, hawa. Mwingine ukimlazimisha kuukanyaga atatapika."

"Jana usiku wachezaji walikuwa wapi, Pickens?"

"Wote kwenye karamu ya kamba wa mtoni, afande, mpaka usiku wa manane. Kocha tu ndiye aliyechelewa kufika. Na saa tano akawaaga."

Verline alisimama katikati ya uwanja, akapaza sauti.

"Kocha Mouton! Hebu njoo uone kitu."

Kocha alitoka kwenye banda lake, mikono mfukoni, akitembea kwa haraka. Alipoukaribia mstari alipiga hatua fupi mbili, akaubadili mguu, akavuka kwa kushoto. Mwenyewe wala hakujua.

Mazoea yana tabu. Pickens alishusha pumzi kwa sauti.

"Umeanza lini kuuruka hivyo, kocha?"

"Kuruka nini?"

"Tazama nyuma yako. Kisha tazama za jana usiku, pembeni yako hapo."

Alitazama. Rangi ikamtoka usoni.

"Wachezaji wote huuruka," alisema.

"Wachezaji wako walikuwa wanakula kamba. Gongo liko wapi?"

Kocha alitoa mikono mfukoni, akairudisha.

"Kocha, yule mzee anakwenda kufia gerezani kwa ajili yako. Gongo liko wapi?"

"Mtoni." Akaketi chini kwenye udongo, na suruali yake nyeupe. "Nilimwomba angoje mpaka sherehe ipite. Akasema akina Ledet wamengoja vya kutosha. Akanigeuzia mgongo, na gongo lilikuwa mkononi mwangu. Nikamficha chumba cha vifaa, bandani kwetu, mpaka usiku nije kumtupa ngazini kwa wageni. Nikaenda... nikakaa na vijana, nikala."

"Ukala," Verline alisema.

"Alikuwa anakwenda kulifuta jina la babu!"

"Kwa lipi?"

Kocha alifumba macho. "Ukuta wa jukwaa uliwaangukia wafungwa. Watano. Zilibaki siku nne uwanja ufunguliwe, na wakubwa walikuwa wameshaalikwa. Babu akaamuru wafukiwe usiku uleule, na kichuguu anachosimama mrushaji mpira, hapo katikati, kijengwe juu yao. Alisema hapo hakuna atakayechimba milele. Aliniambia nikiwa na miaka tisa, kama siri ya ukoo."

Pingu zililia. Hakuna aliyemtazama kocha tena. Wote walikuwa wamemgeukia Mzee Alcide.

Alikuwa amekitunza kichuguu kile miaka thelathini na moja. Kila asubuhi alikimwagia maji, akakishindilia kwa mikono yake, akausawazisha udongo wake ukawa laini, ili vijana wapate kusimama vizuri.

Alikwenda hadi pale taratibu. Alivua kofia. Pickens alitaka kumshika mkono, Verline akamzuia.

"Hakututoroka," alisema mzee, kisha akaanza kulia kwa sauti, mbele ya watu wote. "Bibi, umemlaani bure. Hakututoroka."