Kidonda Alichokificha Placidia

Kila asubuhi kijijini Bweranyange, ng'ombe walipokwisha kutoka zizini, Placidia na mama yake walimgeuza Bibi Kyomuhendo alalie ubavu wa pili. Bibi alikuwa ameteleza akavunjika nyonga, akawa mtu wa kulala tu juu ya ngozi ya ng'ombe. Jioni walimgeuza tena. Lakini mchana mama alikuwa shambani, na kazi hiyo ilikuwa ya Placidia peke yake.

Placidia alikuwa na miaka kumi na miwili na akili zake timamu, ila mchezo wa mdako, wa kurusha na kudaka vijiwe, jamani! Wenzake wakimwita kucheza, alimwambia Bibi, "Nakuja sasa hivi," na hiyo sasa hivi yake ilifika jioni.

"Umemgeuza bibi yako?" mama aliuliza akirudi.

"Ndiyo, mama."

Bibi alinyamaza.

Siku moja, akimbadilisha Bibi nguo, Placidia aliona ngozi imechubuka pale kwenye mfupa, juu kidogo ya mfereji wa makalio. Akaogopa kumwambia mama. Kwa wafugaji wa pale samli ilikuwa dawa ya kila kitu, basi akachota samli, akapaka, akafunika. Kesho yake akapaka tena. Kidonda kikazidi kuchimbika na kunuka, Bibi akashikwa na homa, akaanza kuweweseka. Placidia alijua ni yeye aliyeyaleta yote hayo.

Mama akamwita Deodatha, nesi wa zahanati. Nesi akamfunua Bibi, akashtuka.

"Nani kapaka samli hapa?"

"Ni mimi!" Placidia akaangua kilio. "Mchana sikuwa namgeuza. Nilikuwa nacheza. Nimemuua Bibi!"

Mama aliinua mkono ampige, nesi akauzuia.

"Hajafa. Njoo uone, binti. Kalio lenyewe lina mnofu, ni kama mto. Lakini hapa juu, na hapa pembeni mwa nyonga, mfupa umekaribiana na ngozi. Mgonjwa akilalia mahali pamoja, damu haipiti, nyama inakufa. Nawe samli yako imeufungia uchafu ndani."

Nesi alikisafisha kidonda kwa maji ya chumvi yaliyochemshwa, akamchoma Bibi sindano ya penisilini. Alirudi mara nyingi. Placidia akawa hamwachi Bibi, anamgeuza hata kabla ya kuambiwa.

Miezi ikapita, kidonda kikafunga. Siku Bibi alipoweza kukaa kitako, Placidia alipiga magoti mbele yake.

"Bibi, nisamehe."

"Nilikuwa najua, mjukuu wangu. Niliumia nikanyamaza ili usichapwe, na huruma yangu hiyo nusura initie kaburini. Kukosea, kila mtu hukosea. Ila ukikosea sema siku ile ile, kidonda kikiwa bado kidogo. Na mimi nikiumia nitasema. Umesikia?"

"Nimesikia, Bibi," alijibu Placidia, ingawa bado aliona haya kumtazama usoni.