Mwenye Shamba Yupo

Jembe lilikuwa limelowa. Tusajigwe aligusa mpini, akatazama udongo mbichi uliobaki kiganjani, kisha akamwita Sharon, msichana wake wa kazi.

"Ulienda shamba?"

"Hapana, dada. Tangu niamke nahangaika na jiko."

Mvua zilikuwa zimekata, Mei imeingia na baridi yake, ile ya Sumbawanga inayomfanya mtu aliheshimu blanketi. Hakuna Mfipa mwenye akili timamu anayelima kabla ukungu haujapanda. Lakini Tusajigwe hakuwa Mfipa. Alikuwa Mnyakyusa wa Tukuyu, mke wa Ebenezer, karani wa serikali aliyepangiwa kazi Kasanga, kule bandarini, ambaye hurudi nyumbani mwisho wa juma. Walipohamia, rafiki zao wa Mbeya waliwatania kwamba Sumbawanga mtu hulala kitandani kwake akaamkia juu ya paa la jirani. Wakacheka. Nyumba ilikuwa nzuri, kupita Majengo kidogo, ina shamba nyuma, na mwenye nyumba hakuwa na maneno mengi. Mwenye nyumba asiye na maneno mengi ni wa kuulizwa maswali. Hawakumuuliza.

Walipokaa kunywa chai, Sharon alimtazama mikono, akasita.

"Dada, kucha zako."

Zilikuwa nyeusi. Tusajigwe alizificha chini ya kitenge kama mtoto aliyekutwa na sukari.

Alikwenda shambani peke yake. Nyuma ya mahindi yaliyokauka, mtu alikuwa amefyeka nyasi na kuzipanga vizuri pembeni ya shimo jipya, tayari kwa tuta. Ufipa matuta ya kufukia nyasi huwa ya duara. Hilo hata mgeni analijua baada ya msimu mmoja. Shimo hili lilikuwa refu na jembamba. Lilikuwa na harufu ya nyasi zilizooza, na chini ya harufu hiyo kulikuwa na nyingine, ya nywele zilizolowa. Wala humo hakukuwa na kitu kilichooza bado.

Jirani yake, mama mmoja aitwaye Cornelia, alikuwa akipepeta ulezi uani kwake.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba." Hakuinua macho. "Limeanza, siyo?"

Tusajigwe akakaa chini bila kukaribishwa.

"Lile tuta la zamani ulilolisambaza mvua za kwanza," Cornelia alisema kwa sauti ya chini, "halikuwa lako. Kwetu anayefukia nyasi ndiye anayefukua. Akifa, wanawe wanaomba kwanza, ndipo wanashika jembe. Mgeni hagusi. Ukilisambaza tuta la mtu, umeipokea kazi yake."

"Lilikuwa limeachwa, mama. Mbolea ilikuwa inapotea bure."

"Lilikuwa la Nestory."

Jina hilo Tusajigwe alilijua. Nani asiyelijua? Miaka ile redio hazikuwa na habari nyingine. Nestory aliwachukua wanawake waliotoka vijijini kutafuta kibarua cha kulima, akawapa chakula, akawapa mahali pa kulala, na msimu ulipogeuka polisi walifukua tuta moja baada ya jingine wakiwa wamejifunga vitambaa puani. Alichokuwa hajui ni kwamba shamba lenyewe ndilo hili, na maharage aliyowalisha watu wake tangu Machi yalitoka humu.

"Mbona hamkuniambia?"

"Tulidhani unajua," alisema Cornelia, na kwa mara ya kwanza alionekana ana aibu. "Kesi ile nani hajaisikia? Tulikuona unalima, tukasema labda watu wa Mbeya wana dawa yao."

Nestory alifia gerezani. Mahakamani, alisimulia Cornelia, hakukana wala hakuomba msamaha. Alisema yeye alikuwa kibarua tu, mwenye shamba yupo. Watu wakacheka kwa hasira. Wazee hawakucheka, kwa sababu walikumbuka kwamba kijana yule alirudi kutoka ziwani na jini la kumlimia, na mwaka huo huo shamba lake likazaa kuliko ya wote. Jini likilima, nalo hula.

"Tuliita padri," Cornelia alisema. "Alibariki nyumba, alibariki mipaka. Lakini lile halikai nyumbani, mwanangu. Linakaa kwenye mkono wa anayelima."

Siku hiyo hiyo Tusajigwe alikata shauri kukimbia. Alimwachia Sharon funguo, akapanda basi la Mbeya, akakaa dirishani akisali kimoyomoyo. Kabla ya Laela vidole vilianza kumuuma. Vilijikunja vyenyewe, vikajifunga, na alipotazama chini aliona vimeushika mkono wa binti aliyekaa jirani yake, mwenye kikapu cha samaki wakavu, na binti yule analalamika kwamba anaumia, na abiria wamegeuka, na yeye mwenyewe anacheka, anamuuliza kwa upole kama anatafuta kazi ya shamba. Alishukia pale pale barabarani. Akarudi kwa lori, amekaa juu ya magunia, mbali na watu wote.

Hapo ndipo alipoelewa ametegwa vipi. Kuondoka angeweza. Mikono ingeondoka naye.

Alimpigia mume wake. Ebenezer alikuwa mtu mwema, mzee wa kanisa, na kosa lake kubwa maishani lilikuwa kuamini kwamba kila tatizo ni upweke au malaria. Alisikiliza mpaka mwisho.

"Mke wangu, umekaa sana peke yako huko. Unahitaji mtu wa karibu."

"Usilete mtu, Ebenezer. Nakuomba. Usilete mtu hapa."

"Sawa," alisema kwa upole. "Sawa, pumzika."

Kesho yake jua lilitoka vizuri, ukungu ukapanda mapema, na Tusajigwe aliketi kibarazani akichambua mchele, na alikumbuka vizuri kabisa kwamba alikuwa akichambua mchele, na kwamba Sharon alikuwa akiimba wimbo wa kwaya ya kijijini kwao Mwazye huku akianika nguo, na harufu ya nyasi zilizooza ikapita taratibu kama mtu anayepita kati ya viti vya wageni, na sauti ikasema karibu na sikio lake, bila haraka, kwamba nyasi zimekauka, shimo linasubiri, leta mtu, na alipofumba macho na kuyafumbua ungo haukuwa mapajani, mchele ulikuwa umemwagika, nyayo zake zilikuwa kwenye majani yaliyolowa, jembe lilikuwa juu ya kichwa chake, na mbele yake, karibu kabisa, ilikuwa shingo ya Sharon, nyembamba, yenye rozari ya plastiki, bado inaimba.

Alilidondosha jembe nyuma yake. Sharon akageuka.

"Dada?"

Angemwambia nini? Ukweli usingemfukuza Sharon. Alikuwa binti wa kukaa na mgonjwa. Angepiga magoti, angesali naye, angelala mlangoni kwake. Tusajigwe alimpenda msichana yule kuliko alivyowahi kumwambia, na kwa sababu hiyo alimshika ukosi, akamburuta mpaka barabarani, akapaza sauti watu wasikie.

"Mwizi huyu. Ameniibia. Nimemlea kama mdogo wangu, kumbe ni mwizi. Ondoka kwangu, na ukoo wako wote usinikanyagie hapa."

"Dada, sijachukua kitu," Sharon alisema akilia. "Nipekue."

"Ondoka."

Watu walisimama. Mwanamke mmoja alisema wazi kwamba hakuna binti wa Mwazye atakayefanya kazi tena kwa huyu Mnyakyusa mwenye roho mbaya. Ndilo neno Tusajigwe alilokuwa akilitafuta. Sharon aliokota mfuko wake wa nguo, akamtazama mara ya mwisho.

"Mungu anakuona, dada."

"Amina," Tusajigwe alijibu, akaingia ndani, akafunga mlango, akalia mpaka koo likakauka. Alilia kwa aibu na kwa furaha pia. Binti alikuwa hai, njiani kwao. Na kwenye nyumba yenye sifa mbaya haji mtu. Angekaa humu peke yake, azeeke humu, shimo lisubiri mpaka lichoke.

Maneno ya mjini yana miguu. Kufika jioni Kasanga nzima ilikuwa imesikia kwamba mke wa karani amepandwa na wazimu, amemfukuza msichana wa kazi bila kosa.

Siku ya tatu, mchana, mlango ulisukumwa. Aliyeingia alikuwa mwanamke kijana mwenye begi kubwa na vumbi la basi usoni. Rose, mdogo wake Ebenezer, wa mwisho kuzaliwa. Tusajigwe alirudi nyuma mpaka ukutani, mikono ameikumbatia kwapani.

"Toka, Rose. Wewe mchawi, wewe malaya, toka nyumbani kwangu."

Rose aliweka begi chini. Machozi yalimlengalenga, lakini alitabasamu, akavua viatu na kuvipanga vizuri kando ya mlango.

"Kaka amenieleza yote, wifi," alisema. "Kasema hata ukinitukana, hata ukinifukuza, nisiondoke."