Mwenzake wa Bwaloni

Kiti kilivutwa. Rhobi alisikia miguu ya kiti ikikwaruza vigae, akasogeza sahani yake kumpisha aliyekuja, kisha akainua uso. Hapakuwa na mtu. Kiti cha mbele yake kilikuwa kimetoka mezani, kimekaa vizuri kabisa kama mtu anavyokivuta anapotaka kuketi, na mto wake mwekundu ulikuwa umebonyea katikati.

Ilikuwa saa ya chakula cha mchana. Bwalo limejaa, vijiko vinagongana, vicheko vinatoka kila meza. Hakuna aliyeangalia upande wake, na hilo halikuwa jambo geni.

Ndipo ikaja harufu. Harufu ya kibuyu cha maziwa kilichofukizwa moshi, ile ya jikoni kwa mama yake kule Nyamuswa. Machozi yakamlengalenga. Chini ya harufu hiyo palikuwa na nyingine, ya magugu ya ziwani yaliyooza, lakini Rhobi alikuwa na hamu ya nyumbani, akainusa ile ya kwanza tu.

"Umekula?" sauti ikamuuliza. Sauti ya msichana wa rika lake, ya chinichini.

Mwingine angekimbia. Rhobi alikuwa hajaulizwa swali hilo na mtu yeyote tangu likizo iishe.

"Ndiyo nakula," akanong'ona. "Karibu."

Shule yenyewe iliitwa Akademia ya Mawe Mawili. Ilijengwa ufukweni, mbele kidogo ya nyumba za mtaa wa Makoko, mahali palipokuwa na majabali makubwa yaliyopasuliwa kwa baruti ili bwawa la kuogelea lipate nafasi. Walisoma hapo watoto wa wazungu wa migodini na wa mahoteli ya mbugani, watoto wa wafanyabiashara wakubwa wa Mwanza, na watoto wa wakubwa wa serikali. Halafu walikuwepo wachache walioletwa kwa ufadhili, ambao wengine waliwaita "wa msaada". Wenzake Rhobi wa msaada walikuwa wamehama mmoja mmoja. Alibaki yeye, kidato cha tatu, binti pekee wa mjane Marieta mfuga ng'ombe.

Hakuna aliyempiga. Hakuna aliyemtukana waziwazi. Walimhama tu. Akikaa, meza inapoa. Kwenye kazi za vikundi mwalimu ndiye aliyemtafutia kikundi, na kikundi kikapokea kama kinapokea adhabu. Siku walipokuja wapiga picha wa matangazo ya shule, walimsimamisha katikati, mkono wake begani kwa Klara, binti wa meneja wa mgodi, wakaambiwa wacheke. Picha ilipokwisha, Klara alijipangusa bega. Hakufanya kwa ubaya. Alifanya kama mtu anavyojipangusa vumbi, bila kufikiri, na ndiyo maana Rhobi hakulala vizuri siku nyingi.

Basi yule mwenzake wa bwaloni akawa anakuja kila mchana. Hakuonekana. Mto ulibonyea, harufu ikaja, mazungumzo yakaanza.

"Mimi nilikuwaga nakaa hapahapa kabla yao," alimwambia siku moja. "Na mimi walikuwaga wananipita tu."

Rhobi alimweleza kuhusu ng'ombe wa kwao, kuhusu mama yake anayekula peke yake jioni, kuhusu Kiingereza chake ambacho Euphrasia, mtoto wa mkubwa mmoja kutoka Dodoma, alikiigiza mbele ya darasa hadi mwalimu naye akatabasamu. Yule mwenzake alisikiliza yote. Muda mfupi ukapita, Rhobi akawa anacheka tena. Hakuona kwamba nyuso za wengine zilianza kumfifia, kwamba darasani alisikia sauti za watu kama zinatoka chini ya maji. Kwani zilikuwa na nini cha kumwambia?

"Leo amekukosea nani?" lilikuwa swali la mwisho kila siku.

Siku ya kipindi cha kuogelea akawa na jibu. Alikuwa ametia mguu bwawani, Euphrasia akatoka, kisha wengine wakamfuata mmojammoja, kimyakimya, hadi akabaki yeye ndani ya maji yote yale ya bluu. Klara, aliyekaa ukingoni, akamuuliza mwalimu maji yatabadilishwa lini. Wakacheka. Mwalimu akakohoa kuficha cheko lake.

"Klara," Rhobi alisema mezani. Uso ulikuwa bado unamchoma.

"Niachie mimi," sauti ikajibu, na kwa mara ya kwanza ile harufu ya magugu yaliyooza ikaizidi ya maziwa.

Kipindi kilichofuata Rhobi alisema anaumwa tumbo, akakaa kwenye benchi kivulini, mbali na maji. Asubuhi ilikuwa shwari, jua la kawaida, ndege wa ziwani wanapiga kelele juu ya paa. Klara alisimama upande wa kina kifupi, maji yanamfikia kifuani, anaongea na wenzake, na katikati ya neno akazama, si kama mtu anayeteleza bali kama mtu anayeitwa chini, wima, mikono juu, na maji yakajifunga juu yake bila hata kutikisika, na wenzake wakacheka wakidhani ni mchezo, wakaendelea kucheka hadi cheko likaanza kuwakauka mdomoni, na mwalimu akaruka na nguo zake akamvuta, naye hakuvutika, akamvuta tena kama anayeng'oa mti, mpaka kitu kule chini kikaamua chenyewe kumwachia.

Klara alipona. Alitapika maji, akalia. Kwenye vifundo vyake vyote viwili palikuwa na alama za vidole.

Kisha Euphrasia akamgeukia Rhobi pale kwenye benchi, akapiga ukelele. Rhobi akajitazama. Miguu yake ilikuwa mikavu, sketi ni kavu, lakini mikono yake ilikuwa imelowa hadi viwikoni na inachuruzika.

Mkuu wa shule, mama wa kigeni waliyemwita Madam, alimkaribisha ofisini kwa upole mkubwa.

"Sisi hapa hatuamini uchawi, unaelewa," alisema. "Lakini wazazi wana wasiwasi. Mama yake Euphrasia amenipigia simu, anasema tusimchanganyie mtoto na watu wa porini. Mimi sikubaliani na maneno hayo. Ila nenda nyumbani, upumzike, urudi Jumatatu ukiwa umetulia. Usiporudi Jumatatu, wapo wengi wanaoisubiri nafasi yako."

Alichosema Klara bwawani siku ile hakuna aliyeuliza.

Getini, akimsubiri mama yake aje kumchukua, alishtuka mtu akimkamata mkono kwa nguvu. Alikuwa Yasmin, binti wa mwenye duka la vifaa vya ujenzi Bunda mjini, msichana mwembamba wa darasani kwao. Midomo yake ilikuwa inacheza kwa kisomo cha dua.

"Rhobi! Leo umeniona?"

"Kukuona? Wewe umetokea wapi?"

"Nimetokea wapi?" Macho ya Yasmin yakajaa machozi. "Muhula mzima nakujaga mezani kwako. Naweka sahani yangu, nakusalimia. Wewe unaongea na kiti. Mimi unanipitisha macho kama sipo. Nikadhani unaringa."

Rhobi akajaribu kukumbuka sahani ya pili mezani. Muhula mzima.

"Una mtu," Yasmin akanong'ona. "Nina shangazi yangu anakaa mtaa wa Nyasho, Bi Mwanaharusi, anawasomea watu wenye shida kama yako. Mwambie mama yako mpitie kwake kabla hamjaondoka mjini. Tafadhali, Rhobi."

Marieta alikuwa mama wa kanisani. Walipofika uani kwa Bi Mwanaharusi alivua rozari shingoni, akaitia kwenye mkoba, akaomba msamaha kimoyomoyo. Bi Mwanaharusi alikuwa mwanamke wa makamo mwenye kikohozi, hana maneno mengi. Alifunga dirisha, akatia ubani kwenye makaa, akamfunika Rhobi shuka jeupe, akasoma. Moshi ulipojaa chumbani, mdomo wa Rhobi ukafunguka, ikatoka sauti isiyo yake.

"Walipasua jiwe langu," ikasema. "Wakaweka maji yao ya dawa. Nikakaa peke yangu. Wote wakanipita. Huyu alinikaribisha. Alinikaribisha kwa mdomo wake mwenyewe."

"Mtoto wa watu huyu. Mtoke."

"Niende kwa nani?"

Bi Mwanaharusi akaongeza kisomo. Ile sauti ikaanza kulia, kilio cha mtoto aliyeachwa sokoni, kikapanda na kushuka, na Marieta pale pembeni, ambaye jioni ngapi amekula ugali wake akiangalia ukuta, akajikuta naye analia na hajui anamlilia nani.

Rhobi alipolala kwa uchovu, Bi Mwanaharusi alimvuta mama yake kando.

"Dada, nikwambie ukweli. Jini huyu hamchukii anayemkalia. Anampenda. Anajiweka kati yake na watu, anawafunika, hadi mtu asimwone mwingine ila yeye. Kumtoa ni visomo vya wiki nyingi. Mwache mtoto kwangu."

"Jumatatu anatakiwa shuleni."

"Shule isubiri."

"Haisubiri, dada yangu. Unadhani shule ile inamsubiri mtoto wangu?"

Bi Mwanaharusi akakohoa, akatikisa kichwa. "Basi shika hili moja. Asitokee mtu mwingine wa kumkaribisha jini huyu. Akikaribishwa, ataenda, na huko hatatoka."

Wakapanda gari la Nyamuswa. Jioni ile, wakikoka moto, Marieta alimuuliza binti yake bila kumtazama, "Hivi akiwa na wewe, unajisikiaje?"

Rhobi alifikiri. "Siwi mpweke, mama."

Marieta akachochea moto.

Jumapili asubuhi Rhobi aliamka mwepesi, kama mtu aliyetuliwa mzigo akiwa usingizini. Jogoo aliwika, akamsikia waziwazi, si kama aliye chini ya maji. Akatoka mbio kwenda jikoni. Mama yake alikuwa ameketi kwenye kigoda, anaongea kwa sauti ya chini, na mbele yake palikuwa na vikombe viwili vya uji vinavyofuka.

"Mama, ameondoka! Nasikia kabisa kwamba ameondoka. Ulikuwa unaongea na nani?"

"Nilikuwa nasali." Marieta alitabasamu, ila macho yake yalitua pembeni kidogo ya uso wa Rhobi. "Mungu amejibu. Fungasha vitu vyako, mwanangu. Ukasome."

Rhobi alitaka kuamini, akaamini.

Alirudi Jumatatu. Jumanne maji ya bwawa yalibadilishwa. Hakuna aliyeeleza sababu, na yeye hakuuliza. Lakini sasa Yasmin alikaa naye mezani, sahani kwa sahani, wakagombea ndimu ya kukamulia sato, na Rhobi akaanza kudhani kwamba maisha yanaweza kuvumilika.

Kila Jumapili wanafunzi waliruhusiwa simu kwa matroni. Mara ya kwanza mama yake alipokea kwa furaha, akauliza chakula, akauliza masomo. Mara iliyofuata alikuwa na haraka. Iliyofuata tena aliuliza, "Nani mwenzangu?"

"Ni mimi, mama."

"Aa." Halafu, kwa mbali ndani ya simu, msichana akasema, "Mama, maziwa yanachemka." Rhobi akaibana simu sikioni. Ilikuwa sauti yake mwenyewe, jinsi anavyoivuta "mama", jinsi anavyoimalizia.

"Nakuja, mwanangu," Marieta alijibu huko, akakata.

Yasmin alimpigia shangazi yake. Bi Mwanaharusi alisikiliza hadi mwisho, akasema, "Mama yake amemkaribisha. Mwambie awahi."

Rhobi hakuomba ruhusa. Alipita geti la nyuma akiwa na sare, anajua kwamba nafasi yake itatangazwa wazi kabla jua halijatua. Akapanda gari hadi Bunda, na Bunda akapata bodaboda. Njia nzima alirudia atakachosema: kwamba shule basi, kwamba hakumwomba mtu amnunulie shule kwa bei hiyo, kwamba watarudi Nyasho wote wawili leo hii.

Mchana ulikuwa mweupe na mkali. Ua umefagiliwa. Ng'ombe walikuwa zizini ingawa ilikuwa saa ya malisho, wamejibana kona moja, wote wametazama nyumba. Harufu ya magugu yaliyooza ilimpokea tangu kwenye uzio, ikazidi kwa kila hatua. Marieta alitoka mlangoni akifuta mikono kwenye kanga. Alikuwa amenenepa. Alionekana mwenye furaha kuliko Rhobi alivyowahi kumwona.

"Mama."

Marieta akamtazama kwa ule upole wa kumtazama mtoto wa jirani. "Karibu, mgeni. Pole na vumbi. Unamtafuta nani?"

"Mama, ni mimi. Ni Rhobi."

Marieta akacheka. "Rhobi yumo ndani, anajisomea. Kumbe mwenzake wa shule! Atafurahi huyo, hajapataga mgeni." Akageukia mlango. "Rhobi! Toka, mwanangu, mwenzako amekuja."

Ndani kitanda kikalia, kama kinavyolia mtu akiinuka. Nyayo zikaanza kuja, taratibu, zinalowesha sakafu, mtu asiye na haraka ndani ya nyumba yake.

Rhobi alimkamata mama yake mkono kwa mikono yake yote miwili, akaukaza, akaanza kumwita, mama, mama, kisha kwa jina lake, Marieta, Marieta binti Machage, tena na tena, huku nyayo zikikaribia. Na mama yake akautoa mkono ule polepole, kidole kwa kidole, kwa adabu, kama unavyoutoa kwa mtu usiyemfahamu.