Barua ya Kumtoa Baba Ndani

Asubuhi hiyo Petrona alikuwa anasaga mahindi ya tortilla, zile chapati za mahindi. Mama yake, Maruch, akarudi kutoka gerezani, kapu lake bado limejaa.

"Wamekataa chakula," alisema. "Wanataka kumhamisha baba yako. Akishavuka milima hii ya Chiapas, mwanangu, hatumwoni tena."

Baba yake, Domingo, alikuwa amekamatwa mwaka uliotangulia kwenye maandamano ya kudai ardhi.

Petrona akakimbilia ofisi ya ushirika wa kahawa. Huko kulikuwa na kompyuta, na dada Elvia aliyeitumia. Jamani, kompyuta za miaka ile! Barua zilipita kwenye waya wa simu, mashine ikilia kama paka aliyekanyagwa mkia. Barua moja ikifanikiwa kwenda, ofisi nzima inapiga makofi.

"Dada, si nilituma barua juzi kwa wale watetezi wa wafungwa?" Petrona alinong'ona. "Mbona kimya?"

Elvia akaifungua, akaisoma, akacheka. "We mtoto! Umesalimia watakatifu, umesalimia milima, mpaka kuku wa watu. Baba yako yuko wapi humu?"

"Kwetu ombi halianzi bila salamu."

"Kwa jirani, sawa. Huyu msomaji yuko ng'ambo, hakujui. Mwambie nani kakamatwa, lini, yuko gereza gani. Mwambie amwandikie mkuu wa gereza, na umpe namba ya faksi yake. Na hawa walioshuhudia, futa majina yao. Askari nao wanasoma!"

Petrona akaandika upya. Safari hii barua ilikuwa fupi. Watu wa ng'ambo wakaipokea, wakapelekeana. Kesho yake faksi ya gereza ikaanza kutapika karatasi: za Uruguay, za Italia, mpaka za Japani.

Mlinzi mmoja alisimulia sokoni jinsi mkuu wake alivyofoka: "Kwani huyu Domingo ni nani? Mtoeni, nipumzike!"

Domingo akarudi na ndevu mpaka kifuani. Neno la kwanza, aliulizia maharage. Maruch akacheka huku analia.

"Bado hujamaliza," Elvia alimwambia Petrona. "Watu wanaandika mpaka leo. Usipowaambia ametoka, siku ukiwalilia tena hawatakuamini."

Petrona akaandika: "Baba yuko nyumbani. Anakula. Asanteni sana. Msiandike tena."

Kule gerezani faksi ikanyamaza. Petrona akabaki mbele ya kompyuta, akitamani hata mmoja tu wa watu wale aseme neno.

Hakuna aliyejibu; si mwenyewe alishawaambia wasiandike tena?